Nina miaka 11 ya ndoa, ndiyo kwanza nimemwambia mke wangu kwamba naogopa maji

MtuWaMwaloni (mleta uzi)

Wakuu, habari za jioni. Uzi huu nimeuandika na kuufuta mara tatu tangu Jumapili. Leo mwezi umejaa, mitumbwi ya dagaa imepumzika, Mwaloni pamepoa, kisingizio cha kazi sina.

Mimi ni mfanyabiashara wa dagaa pale Kirumba Mwaloni, hapa Mwanza. Nanunua kwa wenye mitumbwi, nafungasha kwenye viroba, napakia malori, na mzigo mkubwa unaishia Congo. Watu wakisikia naishi kwa dagaa wanadhani nalala ziwani. Sijawahi kukanyaga mtumbwi. Nyumba nimejenga kwa samaki wa ziwa ambalo giza likiingia siwezi hata kulitazama.

Mke wangu ni Mkerewe, kwao ni kisiwani Ukerewe, katikati ya Ziwa Victoria. Kwenda kwao kuna njia mbili tu. Upande meli ya Nansio hapa mjini ukae majini saa tatu na ushee, au uzunguke kwa basi kupitia Bunda mpaka Kisorya, halafu uvuke na kivuko hadi Rugezi. Ya pili ni fupi majini, lakini maji ni maji.

Tulioana 2014, sherehe ikafanyika Mwanza. Mahari walipeleka wazee na mshenga, mimi nikaambiwa nisubiri, nikashukuru Mungu kimoyomoyo. Tangu hapo nimekwenda ukweni mara sifuri. Sifuri, wakuu. Krismasi hii mzigo umekwama, Pasaka ile lori limepata pancha Biharamulo, likizo ya watoto nina malaria. Malaria hiyo ilinipata kila Juni kama mzigo ulioagizwa.

Mwaka 2019 baba mkwe akafariki. Nilitoa fedha ya sanduku, nikatoa ng'ombe, nikakodi gari la kuwapeleka ndugu wote wa hapa mjini. Nikawasindikiza mimi mwenyewe hadi Kisorya. Kivuko kilipofungua mlango nikashika simu, nikajifanya nimepigiwa na mteja, nikamwambia mama watoto lazima nirudi. Alikuwa amejitanda kanga, macho yamevimba. Akanitazama, akasema, "Haya." Hakuongeza neno. Hiyo "haya" nimeishi nayo miaka sita.

Kwao wakaamua kwamba nina dharau. Mwenye hela wa mjini anayetuma ng'ombe badala ya kuja mwenyewe. Mke wangu naye, taratibu, akaanza kuamini hivyo. Nami niliona, nikaacha. Niliona heri niitwe jeuri kuliko niitwe mwoga. Jeuri anaheshimiwa hata akichukiwa.

Sasa chanzo. Baba yangu alikuwa mchuuzi wa ndizi, anakwenda Bukoba na kurudi. Jumanne tarehe 21 Mei 1996 alikuwa ndani ya MV Bukoba, meli iliyozama ikija Mwanza. Nilikuwa na miaka tisa. Wenyeji wa Mwanza wa umri wangu hawahitaji kusimuliwa wiki ile. Hatukumtambua. Pale Igoma kuna makaburi ya waliozikwa pamoja, tunaamini yumo, kaburi lake hatulijui. Siku ya matanga baba mdogo aliniita nyuma ya nyumba, akaniinamia akasema, "Wewe ndiye baba wa hapa sasa. Mama yako asikuone unalia." Hakuniona. Mpaka leo hajaniona.

Mke wangu hayo yote anayajua kama habari. Anajua baba mkwe wake alifia kwenye meli, kila 21 Mei ananikumbusha ibada. Ila kwamba mwanawe wa miaka tisa bado yuko nyuma ya nyumba, hilo sikumwambia.

Daraja la Kigongo–Busisi lilipozinduliwa Juni 2025, mwezi uliofuata tukawa na safari ya Sengerema, harusi ya mdogo wangu. Miaka yote tulikuwa tunavuka pale kwa kivuko. Safari hii gari likapanda darajani, kilomita tatu za lami juu ya maji, tukatokea ng'ambo. Nikastuka mke wangu ananitikisa.

"Ulikuwa umelala," akasema.

"Nimechoka."

"Hapana. Kwenye kivuko ulikuwa unashika kitasa cha mlango mpaka vidole vinakuwa vyeupe. Miaka yote. Nilidhani una haraka." Akanyamaza. Halafu akauliza polepole watoto wasisikie: "Kumbe ulikuwa unaogopa?"

Wakuu, nilikuwa na majibu saba mkononi. La kuchekesha lilikuwepo, la kukasirika lilikuwepo. Sijui kilichonipata. Nikasema, "Ndiyo."

Basi. Neno moja. Hakusema kitu, alihamisha mkoba uliokuwa katikati yetu akauweka chini.

Sasa swali langu kwenu, hasa wanaume: baada ya "ndiyo" kinafuata nini? Maana tangu siku ile nalala kama mtu aliyesahau kufunga mlango wa duka.

ChapaMzigo

Ndefu sana mkuu. Kwa kifupi mfanyabiashara wa dagaa anaogopa maji. Kesho tutasikia muuza nyama anaogopa ng'ombe.

BintiRugezi

ChapaMzigo pita hivi, hapa watu wazima wanaongea.

Mleta uzi, mimi natoka kisiwani huko huko unakokukimbia, na nina shemeji wa aina yako. Nikwambie ukweli wa upande wa pili. Mwanaume akinyamaza, mwanamke hakai na ukimya mtupu. Mimi mume wangu akinyamaza ndiye ninayemwandikia maneno ya kusema, na sijawahi kumwandikia mazuri. Atakuwa na mwingine. Atakuwa amenichoka. Atakuwa anawadharau wazazi wangu kwa sababu nyumba yao ni ya udongo. Mkeo amekuandikia miaka kumi na moja, fikiria daftari hilo lina unene gani.

Na nikuulize kitu, usinijibu kama hutaki. Tarehe 20 Septemba 2018, kivuko MV Nyerere ilipopinduka pale kisiwani Ukara ikitokea Bugorora, sisi tulipoteza watu zaidi ya mia mbili kwa mchana mmoja, watu waliokuwa wanatoka gulioni. Siku ile mkeo alikuwa wapi, na wewe ulikuwa wapi?

MtuWaMwaloni

BintiRugezi, umenipiga pale pale.

Alikuwa jikoni, redio imewashwa. Rafiki yake aliyesoma naye shule ya msingi alikuwemo. Niliingia, nikasikia mtangazaji anataja neno "kivuko", nikazima redio. Sikuuliza. Nikavaa viatu nikaenda Mwaloni nikahesabu viroba ambavyo nilikuwa nimeshavihesabu asubuhi, nikarudi saa sita usiku. Yeye alilia peke yake chumbani, mimi nilikaa sebuleni na taa imezimwa. Alichoona ni mume aliyezima redio ya msiba wa kwao.

Sikuwahi kuliweka jambo hili kwenye sentensi kabla ya leo.

NimefunguliwaNikafungwa

Naomba niwe mtu mbaya kidogo kwenye uzi huu. Mnamshangilia jamaa afunguke, sawa. Mimi nilifunguka.

Nimelelewa na mama wa kambo, kuna miaka nililala njaa kwenye nyumba yenye chakula. Mpaka leo naficha mkate. Nina kipande cha mkate kabatini, kwenye begi, ofisini. Nilimweleza mchumba wangu, tena usiku, kwa sauti ya chini, nikiwa nimelala mapajani kwake kama kwenye tamthilia. Wiki mbili baadaye nakwenda kwao Nyakato, shoga yake ananikaribisha chai, ananiambia, "Shemeji usifiche mkate, upo mwingi." Wakacheka wote. Na yeye akacheka.

Nilimaliza chai. Sikurudi tena. Tangu 2021 mwanamke akiniuliza "unawaza nini" najibu "mpira".

Kwa hiyo msimwambie mtu afungue mlango bila kumwambia kwamba kuna watu wanaingia na viatu vyenye matope.

MamaViroba

Pole mdogo wangu. Kosa halikuwa lako, ila nadhani ulimpa mtungi mzima mtu ambaye hujawahi kumwona akibeba hata kikombe. Mimi nampima mtu kwa vitu vidogo. Namwambia leo nimeumizwa na neno la dada yangu, halafu natulia nione neno hilo litarudi kwangu kupitia mdomo gani. Likirudi kupitia kwa jirani, basi biashara imeishia pale, hasara ni ndogo.

Halafu naomba tusiufanye uzi huu wa wanaume tu. Sisi tunasifiwa "mwanamke wa shoka", na shoka halisemi linapouma. Nilikopa kausha damu, ile mikopo ya riba kali, kwa siri nikaongezee mtaji wa duka. Marejesho kila siku. Nikawa nachelewa kula ili mume asione nimepungua, nampigia kelele kwa kuacha taa wazi ilhali hasira ni ya deni. Aligundua siku wale vijana walipokuja kuchukua friji. Alichonishangaza hakuuliza fedha ziko wapi. Aliuliza, "Ulidhani ningefanya nini?" Sikuwa na jibu. Kweli, nilidhani angefanya nini? Nilikuwa naficha deni kwa mtu ambaye hata sikuwahi kumjaribu.

Ngosha_wa_Magu

Mwangaluka wote. Mimi ni mzee kidogo humu, niwieni radhi nikiandika kama nahutubia.

Vijana wanasema mila ndizo zilizotufunga midomo. Si kweli yote. Kwa Wasukuma kulikuwa na shikome, moto wa jioni wa wanaume pale mjini, yaani kwenye mji wa mtu, si mjini Mwanza. Babu yangu hakuwa anamweleza bibi mambo yake ya ndani, hilo ni kweli. Lakini hakuwa anakaa nayo. Alikuwa anakwenda shikome anasema mbele ya wazee wenzake, ng'ombe wangu wamekufa, mwanangu kanitukana, sipati usingizi. Wenzake wakikoleza moto, wakimsikiliza, wakimkemea au wakimcheka, arudi kwake amepungua uzito.

Sasa shikome haipo. Tuna baa na televisheni ya mpira. Katika somo lile la mababu tumebakiza nusu moja tu: usimwambie mkeo. Nusu ya pili, ya wapi ukaseme, tumeipoteza. Ndiyo maana vijana wanapasuka.

Mleta uzi, baba yako mdogo hakuwa mtu mbaya. Alikupa alichopewa. Ila ng'wanawane, mwanangu, uliambiwa mama yako asikuone. Hakuna aliyekuambia mkeo asikuone. Hilo umeliongeza mwenyewe.

ChapaMzigo

Mzee hiyo ya mwisho nimeisoma mara mbili. Nafuta utani wangu wa ng'ombe.

DaftariLaNesi

Nafundisha uuguzi, niongeze kitu kinachohusiana na hili la "anajua kama habari".

Mwaka 1986 mwanasaikolojia wa Marekani James Pennebaker na mwenzake waliwachukua wanafunzi wa chuo wakawaandikisha dakika 15 kwa siku, siku nne mfululizo. Wengine waliandika mambo ya kawaida tu. Wengine waliandika jambo lililowahi kuwaumiza, lakini hao nao wakagawanywa: kundi moja waeleze tukio bila hisia, kundi jingine hisia bila tukio, na kundi la tatu vyote viwili pamoja. Wale wa vyote viwili walitoka kwenye karatasi wakiwa na huzuni kuliko walivyoingia. Ila miezi iliyofuata ndio waliokwenda zahanati ya chuo mara chache zaidi.

Mleta uzi, mkeo ulimpa tukio: tarehe, meli, Igoma. Hisia ukabaki nazo wewe, kwenye kitasa cha mlango. Na huko kulala kama mtu aliyeacha duka wazi ndiyo ile huzuni ya siku za mwanzo. Usiitafsiri kwamba umekosea.

Kama kusema kunakushinda, andika kwanza. Si lazima umpe asome.

Jambo la pili, maana najua ugomvi unakuja, hakuna ndoa isiyo nao. John Gottman, mtafiti wa ndoa wa Marekani, ametumia miaka mingi akiwatazama wanandoa wakizozana huku amewafunga vipimo vya mapigo ya moyo. Anasema mapigo yakizidi takriban 100 kwa dakika, mtu anaacha kusikia, anajihami tu. Ushauri wake ni kuachana kwa angalau dakika 20, mwili upoe, ndipo mrudi. Muage mwenzako kwanza, mwambie utarudi. Kutoka bila kuaga ni kile kile cha kuzima redio. Na dakika hizo 20 usizitumie kunoa majibu.

NimefunguliwaNikafungwa

Nesi, na mtu akikucheka je? Huyo Gottman anasemaje?

DaftariLaNesi

Dharau ndiyo anayoihesabu kuwa dalili mbaya kuliko zote kwenye ndoa. Kwa hiyo pale Nyakato ulisoma alama vizuri. Ulichokosea, kama naruhusiwa, ni kuwahukumu wote wanaokuuliza unawaza nini kwa kosa la yule mmoja.

NimefunguliwaNikafungwa

Nimekusikia. Sijakubali, ila nimekusikia.

MtuWaMwaloni

Nimerudi wakuu, zimepita wiki tatu. Nilisema nitaleta mrejesho.

Niliandika kama nesi alivyosema. Kwenye daftari la hesabu za dagaa, kurasa za nyuma. Siku ya kwanza niliandika mistari minne tu, halafu nikajikuta nahesabu viroba. Siku ya tatu nikaandika kuhusu viatu vya baba. Alikuwa ameacha viatu vyake vya Jumapili chini ya kitanda, mama akavitoa kila mwaka akavipaka rangi mpaka vikanitosha, nikavivaa kidato cha pili. Nilikuwa nimesahau kabisa.

Hiyo ndiyo niliyomsimulia mke wangu. Sikumsimulia ziwa wala meli. Viatu. Alikuwa anachambua mchele. Akaendelea kuchambua muda mrefu, nikajua hachambui kitu. Akaniambia naye mambo ya Septemba ile, jina la rafiki yake, kwamba walikuwa wanagawana michembe, viazi vitamu vilivyokaushwa, wakienda shule. Miaka saba sikuwa nimewahi kusikia jina hilo nyumbani kwangu.

Msidhani baada ya hapo ni asali. Jumamosi tuligombana, sababu ni ada. Nikapandisha sauti, na yeye akanirushia: "Mtu anayeogopa hata kivuko cha Kisorya atanitisha nini mimi?"

NimefunguliwaNikafungwa, nilikukumbuka ndugu yangu. Niliona ule mkate. Moyo ulikuwa unapiga mpaka masikioni. Nikasema, "Natoka, narudi saa mbili," nikaenda kukaa kwenye mawe juu ya nyumba (wa Mwanza mnajua kila nyumba ya mlimani ina mawe yake). Nakiri sehemu ya dakika hizo nilinoa majibu. Nilikuwa na jibu moja kali sana, bado nalikumbuka.

Niliporudi alikuwa amekaa mlangoni. Hakusubiri nianze. Akasema, "Lile neno nimelichukua mahali nisipotakiwa kulichukua." Akaomba radhi, mimi nikaomba ya kupandisha sauti. Tukakubaliana mambo ya maji hayaingii kwenye ugomvi, hata tukigombania nini. Yeye akaongeza na ya kwake moja ambayo hapa siiweki.

Ada bado hatujakubaliana.

MamaViroba

Tofauti na yule wa Nyakato ni hiyo. Wote wawili walichoma. Mmoja alicheka, mmoja akakaa mlangoni.

Ngosha_wa_Magu

Na jibu lako kali ulilipeleka wapi?

MtuWaMwaloni

Nimelizika kwenye mawe mzee.

BintiRugezi

Sasa kivuko lini? Sisi watu wa kisiwani hatuli maneno.

MtuWaMwaloni

Desemba, watoto wakifunga shule. Nimeshamwambia atangaze kwao ili nisipate malaria.

ChapaMzigo

Uzi huu naufuatilia kuliko ligi. Mrejesho mkuu.

MtuWaMwaloni

Wakuu, naandika nikiwa Ukerewe.

Kisorya tulifika asubuhi. Niliposikia mlango wa kivuko unagonga zege, miguu iligoma, sitanii, nilisimama kama ng'ombe kwenye daraja la miti. Mke wangu hakunivuta na hakuniambia "usiogope". Alisema, "Kinachofuata kinakuja, tukitaka tutakisubiri." Tukakiacha kikaenda. Tukanunua mahindi ya kuchoma. Mtoto wa mwisho akauliza kwa nini hatupandi, nikamjibu mwenyewe, "Baba anaogopa kidogo." Akasema, "Mimi pia naogopa mbwa," akaendelea na hindi lake.

Cha pili tulipanda. Sikuangalia maji, niliangalia bolti za mlango, ziko kumi na nne upande wangu. Vidole vilikuwa vyeupe, safari hii kwenye kiganja cha mtu.

Mama mkwe ametupokea vizuri kuliko ninavyostahili. Kapika ugali wa muhogo na sato, kanitandikia mkeka mbali kidogo naye, kama heshima ya mkwe inavyotaka. Tumekula, tumesalimiana na ukoo mzima, nimepelekwa kwenye kaburi la baba mkwe. Tuliporudi akaniuliza, bila kunitazama usoni, nilikuwa nimekwama wapi miaka kumi na moja.

Mke wangu yupo hapa pembeni. Anajua jibu, na nilitegemea atanisaidia kujibu. Ameinua sufuria, ameingia ndani.

Naiweka simu chini wakuu, nasubiriwa.